Mzee alisaini, ila hakuambiwa anasaini nini

Ukilazwa kwa ajili ya operesheni kuna karatasi lazima usaini, fomu ya ridhaa, na wengi wetu hatuisomi, unapewa kalamu unaambiwa weka hapa, unaweka, mambo yanaendelea. Naandika haya kwa sababu kila nikimsimulia mtu yaliyompata baba naambiwa "hata kwa babu yetu ilikuwa hivyo hivyo", kwa hiyo hospitali yenyewe siitaji, maana si ya hospitali moja.

Baba ni mkulima wa machungwa Muheza, mkoani Tanga, miaka 70 na ushei, mtu wa swala tano na mtu wa baiskeli. Alianza na shida ya mkojo, usiku anaamka kila saa, ukitoka unakatika-katika, akawa anakunywa mizizi na kutuambia ni uzee tu. Mpaka mgongo ulipoanza kumuuma hata baiskeli ikamshinda ndo kaka mkubwa akaamua mzee aletwe Dar. Wakampima damu ile PSA, kipimo cha tezi dume, ikaja juu sana, wakamchukua vinyama kwenye tezi dume, wakampiga na picha ya mifupa. Ni kansa na ilishafika kwenye uti wa mgongo.

Majibu yalipotoka daktari akamwita kaka. Sio baba, kaka! Baba alikuwa pale pale nje kwenye benchi, chini ya lile bango la kumpisha mzee ahudumiwe kwanza, kavaa kanzu na kofia yake safi, faili lake likaingia ndani likamwacha yeye nje. Kaka alipotoka akasema tu "tutaongea nyumbani", na nyumbani maana yake ni grupu la familia la WhatsApp ambalo baba hayumo.

Kwenye grupu tukaelezwa njia mbili. Moja ni operesheni ya kuondoa korodani zote mbili, ya pili ni sindano kila baada ya miezi mitatu maisha yake yote, na bei ya sindano kaka alipoiandika grupu lilinyamaza muda mrefu. Baadaye sauti zikaanza kuja, na zote zinasema operesheni, na zote zinasema mzee asiambiwe. Dada yangu anasema atakufa kwa presha kabla ya kansa. Kaka anasema ukimwambia mwanaume wa Kibondei unamtoa vile atapanda basi la kwanza kurudi Muheza na hatumuoni tena. Likatungwa neno la kumwambia: operesheni ndogo ya kuzibua njia ya mkojo. Mimi niliandika kwamba mwili ni wake aambiwe, nikajibiwa "we mdogo unalipa nini?", na kweli nilikuwa silipi kitu, kitinda mimba asiye na ajira ya kueleweka, kazi yangu ilikuwa kulala naye hospitali na kumpelekea uji.

Ndugu zangu siwalaumu sana, walikuwa na hofu na hofu ina mantiki yake. Walionishangaza ni hospitali, maana uongo wetu waliupokea bila hata kuuliza swali. Kaka aliwaambia "mzee msimwambie", wakasema sawa. Basi. Mtu mzima, akili timamu, anaenda sokoni anabishana bei ya matenga ya machungwa na madalali na anawashinda, kwenye mwili wake ndo amekuwa mtoto mdogo.

Jioni ya kuamkia operesheni akaja daktari wa mafunzo kwa vitendo, wale wanaoitwa intani, binti mdogo mpole, ana mafomu mengi mkononi na wodi imejaa mpaka wengine wako chini kwenye magodoro. "Shikamoo babu." "Marahaba mjukuu wangu." "Kesho ndo tunakufanyia ile operesheni, ndugu wameshaeleweshwa, nisaidie saini hapa." Baba akapapasa miwani, miwani iko mfukoni mwa kanzu na kanzu kaka kaenda nayo kufuliwa. Akasema nionyeshe tu pa kuweka. Mimi nilisoma ile fomu juu ya bega lake, imeandikwa kwamba nimeelezwa na nimeelewa aina ya upasuaji, faida zake na madhara yake, halafu pale kwenye nafasi ya aina ya upasuaji pamejazwa kwa mkono, kwa Kiingereza cha kidaktari. Baba ni darasa la nane la zamani, gazeti la Kiswahili anamaliza lote mpaka matangazo ya tanzia, ila pale hata angekuwa na miwani miwili isingesaidia. Akasaini.

Wodi ya matatizo ya mkojo ni kijiji kamili jamani, wazee wale wanajuana mipira ya mkojo, wanajuana nani katokwa damu nani kapata choo, hakuna siri. Kitanda cha jirani alikuwepo mzee mmoja wa Lindi, mcheshi, mfuko wa mkojo umening'inia pembeni ya kitanda. Nilikuwa namimina uji kwenye kikombe nikamsikia anamwambia baba, "Kumbe na wewe ni kesho? Pole mwenzangu. Mimi juzi wameniacha maksai." Baba akacheka akidhani ni utani wa watu wa kusini. Yule mzee akaona hajaeleweka, akafunua shuka.

Baba aliangalia, akamfunika mwenzake shuka taratibu, akakaa. Halafu akanigeukia. "Wewe ulijua?" Nikamwambia ndio. Akauliza "na kaka yako?" Ndio. "Na yule binti aliyenisainisha, alijua kwamba mimi sijui?" Hapo nilichelewa kidogo kujibu, ila jibu lilikuwa ndio pia. Hakuongea tena mpaka asubuhi, na uji hakunywa.

Asubuhi wamekuja na kitanda cha magurudumu na gauni la kijani akasema siendi. Daktari wa upasuaji akaitwa, kaja na kasi, "mzee umesaini mwenyewe jana, watu wanakusubiri thieta, unajua foleni ya hapa?" Na kaka yuko kwenye simu nimeweka spika anasema baba acha utoto, nikaizima. Aliyeokoa ile asubuhi ni sista mkuu wa wodi, mama wa makamo, sauti yake ndogo tu: "Dokta, akisema hapana ni hapana. Saini ya jana haimfungi leo, hata akiwa juu ya meza kabla hajalala anaruhusiwa kubadilisha. Apande mwingine." Na baba ndo akasema neno ambalo hakuna aliyelitegemea, sisi tulidhani anakimbia, akasema: "Mimi sijakataa. Mimi nataka kuambiwa."

Mchana yule binti akarudi. Mara hii alikuja na stuli, akakaa, na mimi nadhani ile stuli ilifanya kazi kuliko maneno, mana mpaka siku hiyo kila daktari aliongea na baba akiwa amesimama miguuni mwa kitanda na uso umeelekea kwetu ndugu. Akachukua bahasha ya eksrei akaanza kuchora nyuma yake. Tezi iko hapa, kansa imetoka hapa imefika hapa mgongoni. Hii kansa inakula homoni ya kiume, na sehemu kubwa sana ya hiyo homoni inatengenezwa kwenye korodani, tukikata chakula kansa inasinyaa, haiishi, inatulia, inaweza kutulia miaka au muda mfupi zaidi, mtu kwa mtu inatofautiana. Baba akauliza mmejuaje, akajibiwa kwamba aliyegundua anaitwa Charles Huggins, daktari wa Chicago, aliandika mwaka 1941, na 1966 wakampa tuzo ya Nobel kwa kazi hiyo hiyo. Baba akatikisa kichwa, nafikiri alifarijika kusikia hata wazungu walipitishwa huko.

Kisha akauliza nikiacha vyote? Akaambiwa ukweli, maumivu ya mfupa yataongezeka na uvimbe unaweza kubana uti wa mgongo miguu ikafa ganzi. Na sindano? Sindano inafanya kazi ile ile bila kisu, ila mwanzoni homoni inapanda kwanza kabla ya kushuka, na kwa mtu ambaye ugonjwa uko mgongoni huko kupanda ni hatari, kwa hiyo anatanguliziwa vidonge vya kuzuia, na ukikosa hela ya sindano inayofuata homoni inarudi. Operesheni inashusha ndani ya siku moja na unalipa mara moja, ila ukishafanya hairudi nyuma. Madhara kwa njia zote mbili yanafanana kwa sababu homoni inashuka kote kote: joto la ghafla linalopanda kifuani mpaka usoni, hamu ya tendo inaisha, nguvu inaisha, mifupa inapungua uimara, uchovu. Kwenye hamu ya tendo binti wa watu aliangalia chini. Baba akamwambia endelea mjukuu wangu, bibi yako tulishamalizana hayo, tukacheka wodi nzima maana wodi nzima ilikuwa inasikiliza.

Sisi wote, kaka, dada, madaktari, tulishaamua kwamba tatizo la baba litakuwa uanaume. Kumbe mzee wala hayuko huko! Alinyamaza, akaikunja ile bahasha akaikunjua, akauliza: "Nikifa, wanaonikosha watakuta nini?"

Binti hakuelewa, yeye ni Mkristo wa Iringa, nikamfafanulia kwamba kwetu maiti ya mwanaume huoshwa na wanaume wa msikitini, wazee wenzake. Baba akasema najua muoshaji anatakiwa kusitiri aibu ya maiti, dini imesema, lakini wale nawajua mimi, hasa mmoja (akamtaja), yule kabla sijafika makaburini habari itakuwa imeshafika mpaka kijiji cha Mkanyageni. Hakuwa anatania. Ndo kitu pekee kilichokuwa kinamkosesha usingizi, kuwekwa juu ya ubao akiwa mfuko mtupu mbele ya watu aliocheza nao bao miaka hamsini.

Binti akatoka, akarudi na bingwa, yule yule wa asubuhi, na bingwa akasema kwa utaratibu kwamba iko namna nyingine. Unapasua korodani unatoa kiini chote cha ndani kinachotengeneza homoni, ganda la nje unaliacha unalishona, linabaki dogo lakini lipo. Kikitolewa vizuri homoni inashuka vile vile, ila kisibaki kipande, na baadaye tutapima damu kuhakikisha. Mimi nikauliza kumbe hii ipo? Akasema ipo siku nyingi. Mbona hamkuitaja? Akasema, na namshukuru alikuwa mkweli, "kwa mzee wa umri huu hatukufikiri angejali."

Baadaye mtoto wa dada anayesoma sheria alinitumia habari ya mama mmoja wa Uingereza, Nadine Montgomery, ana kisukari, mfupi wa umbo, mjamzito. Wenye kisukari watoto wao huwa wakubwa na kulikuwa na hatari ya asilimia 9 mpaka 10 mabega ya mtoto kukwama wakati wa kuzaa, daktari hakumwambia kwa sababu aliona akimwambia ataomba operesheni. Mtoto akakwama, akazaliwa 1999 na ubongo umeathirika. Kesi ilienda mpaka Mahakama ya Juu na mwaka 2015 majaji wakasema kipimo sio daktari anaona nini ni muhimu, kipimo ni mtu aliye kwenye nafasi ya mgonjwa angeona nini ni muhimu, na daktari anatakiwa kujua mgonjwa huyu aliye mbele yake anajali nini. Nilipoisoma nikamkumbuka bingwa wetu neno kwa neno. Akanitumia na nyingine ya zamani ya New York, mwanamke anaitwa Mary Schloendorff alikubali kulazwa usingizi achunguzwe tu, akasema operesheni sitaki, wakamkata uvimbe humo humo usingizini, mwaka 1914 jaji Cardozo akaandika kwamba kila mtu mzima mwenye akili timamu ana haki ya kuamua mwili wake ufanywe nini. Cha kuchekesha ni kwamba maneno hayo yananukuliwa dunia nzima na yule mama mwenyewe kesi alishindwa, hospitali ilichomoka kwa kigezo kwamba ni ya hisani. Na Kenya hapo jirani sheria yao ya afya ya 2017 imeandika kabisa kwamba mgonjwa aelezwe hali yake, njia za tiba zilizopo, faida, hatari, gharama na haki ya kukataa, tena kwa lugha anayoielewa ikiwezekana na kwa kuzingatia kiwango chake cha kusoma. Kwetu lipo Baraza la Madaktari Tanganyika, ungeweza kupeleka malalamiko, nilimgusia baba akanijibu malalamiko ya nini na binti wa watu alirudi na stuli.

Hakusaini siku hiyo. Aliomba aongee na imamu kwa simu, kwa sababu kuhasi ni haramu na yeye hakutaka kuingia na dhambi, imamu akamwambia tiba ya dharura sio kuhasi, aende kwa amani. Wakamwanzishia vile vidonge, tukarudi nyumbani kwa kaka, tukapangiwa tarehe nyingine. Siku ya kusaini alikuja na miwani, akasoma fomu yote kwa sauti kama anasoma gazeti, alipofika kwenye ile nafasi ya Kiingereza akamwambia binti futa hapa andika kwa Kiswahili. Binti akapiga mstari, akaandika: kutoa kiini cha korodani zote mbili, ganda libaki. Baba akasaini majina yake matatu, polepole. Akachomwa ganzi ya mgongoni, akafanyiwa akiwa macho, akatoka anaulizia chai.

Tofauti ya kuambiwa na kutoambiwa niliiona vizuri baada ya hapo, maana yule mzee wa Lindi tuliendelea kukutana naye kliniki. Joto la ghafla lilipoanza baba alijua ni nini, anafungua vifungo vya shati, anakaa karibu na feni, inapita. Mwenzake hakuna aliyemwambia, yeye alidhani ni malaria isiyosikia dawa, ameshameza dozi kadhaa za malaria kutoka duka la dawa, kila wiki jasho kila wiki dawa, mpaka baba alipomwambia kwenye foleni, "hiyo sio malaria bwana, hiyo ndo operesheni yenyewe." Na yeye ndo akamweleza mengine pia, mifupa, uchovu, kwamba asinyanyue gunia hovyo. Daktari baba yangu!

Ila nisipambe. Kujua kulimgharimu. Wiki za mwanzo alikuwa halali, namsikia usiku anavuta tasbihi mpaka alfajiri, na baba hakuongea na kaka muda mrefu, salamu tu, akisema "mmeniuguza kama mtoto asiyebalehe". Kaka mpaka leo anashikilia kwamba asingeambiwa angepona vile vile, mgongo ungetulia vile vile, na huo usingizi asingeupoteza. Na sina jibu la kummaliza kwenye hilo la usingizi kwa sababu ni kweli alikonda.

Halafu mwaka huu shangazi akaugua, kansa ya shingo ya kizazi, hospitali nyingine, na kabla majibu hayajatoka daktari alimuuliza yeye mwenyewe: mama, majibu yakija ungependa nikueleze kila kitu wewe, au kuna mtu unataka nimweleze? Shangazi hakufikiri hata sekunde. "Mweleze mwanangu. Mimi niambie tu ninywe nini na saa ngapi." Na ndivyo ilivyofanyika. Kaka akaidaka hiyo kama ushahidi wake, unaona, wapo wasiotaka kujua! Nikamwambia shangazi aliulizwa, kaka, baba hakuulizwa. Akasema ni yale yale. Tumebishana kwenye grupu mpaka dada akatufungia tusiandike. Baba sasa hivi naye yumo kwenye grupu, alidai aingizwe, na mwezi ujao ana kliniki ya damu, ameshaandika humo kwamba kwa daktari ataingia peke yake, anayetaka kujua majibu amuulize yeye. Kaka ametuma nauli.